Daftari la getini: mwaka niliogombana na wapakiaji wangu

Barua ya kwanza ya chama cha wafanyakazi ililetwa na kijana wa pikipiki, siku ambayo uani kwangu palikuwa na malori matano yanasubiri. Nilisaini kitabu chake cha kupokelea, nikaipitia juu juu, nikaona maneno "wakala pekee wa majadiliano", yaani chama kinataka kiwe ndicho kinachojadiliana nami kwa niaba ya wapakiaji, nikaisukumia kwenye droo pamoja na risiti za dizeli. Ilikaa humo miezi mingi.

Nina ghala la mazao, huku Tanzania Bara. Nanunua mahindi, mpunga na alizeti msimu wa mavuno, nahifadhi, halafu nauza kidogo kidogo kwa wenye viwanda vya kusaga na kukamua. Kazi ya kupakia na kushusha ilifanywa na kundi la wanaume 24. Watu huwaita makuli. Wenyewe hawalipendi neno hilo, wanataka waitwe wapakiaji, na mimi nimejifunza kuwaita hivyo. Nilikuwa nawalipa shilingi 400 kwa gunia. Jioni namkabidhi mzee wa zamu pesa yote, yeye anagawa. Hakuna mkataba hata mmoja. Nusu yao nilikuwa siwajui majina, nawajua kwa sura na kwa lakabu. Kichwani kwangu walikuwa "watu wa getini", yaani wapo tu, kama mti ulioukuta kiwanjani.

Mwaka 2021 nilichukua mkopo nikanunua mkanda wa kupakizia, mashine ya kupandisha magunia kwenye lori. Haukupita muda akaja mkandarasi, kijana msafi mwenye kompyuta ya mkononi, akaniambia yeye ana watu kumi, atapakia kwa shilingi 280 kwa gunia na mkanda wangu huohuo. Kwa mwezi tulikuwa tunagusa magunia kama 18,000, kuingia na kutoka. Nikapiga hesabu: shilingi 120 mara 18,000, zaidi ya milioni mbili kila mwezi zinabaki mfukoni. Mkopo ungejilipa wenyewe.

Jumapili usiku nikamtumia mzee wa zamu ujumbe wa simu: kuanzia kesho kazi ya kupakia itafanywa na kampuni, asanteni kwa ushirikiano wenu. Baada ya saa nzima akajibu: "Sawa mama. Tutaonana."

Asubuhi nikawakuta wote 24 wamekaa mbele ya geti, kila mtu juu ya gunia tupu lililokunjwa. Hakuna aliyeshika fimbo wala jiwe. Walisalimia vizuri. Lakini gari la mkandarasi halikuingia, na semi-trela iliyokuwa ndani na magunia yake 300 haikutoka. Siku ya tatu mzee mwenyewe aliagiza semi ipishwe, akasema dereva hana kosa. Siku tatu za kusubiri nilimlipa mwenye gari laki tisa, na mteja wangu alikuwa ameshanunua mzigo kwingine.

Siku hiyo ya kwanza nilikimbilia polisi. Afande alinisikiliza, akauliza, "Umewaajiri?" Nikasema hapana. "Sasa wamekuwa wanafanya nini hapo miaka yote?" Nikasema wanapakia. Akaandika anayoandika, akaniambia kwamba kama hawajavunja kitu wala kumpiga mtu, hilo ni suala la kazi, niende kwa watu wa kazi. Nilitoka nimekasirika. Leo naona alikuwa ameuliza swali lilelile ambalo baadaye lilinikalisha mbele ya mwamuzi.

Kosa lililofuata lilikuwa wakili. Nilimchukua aliyewahi kunisaidia kesi ya kiwanja, mtu mzuri, mwaminifu, ila mambo ya kazi hayakuwa yake. Akafungua maombi ya zuio mahakama ya wilaya. Chama kikaleta mwanasheria wake, akaweka pingamizi kwamba mahakama ile haina mamlaka. Migogoro ya kazi ina njia yake. Maombi yakatupwa. Milioni moja na nusu zikaenda na maji, na kundi la getini likanywea chai kushindwa kwangu. Ukitafuta wakili wa jambo hili, muulize ameingia mara ngapi kwenye Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, chombo kinachoshughulikia migogoro ya kazi, mwaka huu. Akianza kukuhadithia kesi za ardhi, mshukuru uondoke.

Siku ya nne ya kukaa getini walinitumia pendekezo: kampuni ipakie, lakini wao walipwe shilingi 100 kwa kila gunia linalotoka. Nililipuka. Pesa ya kutazama! Wakili wangu wa pili, mama mmoja mtaratibu sana, alinisimulia baadaye kwamba hilo si jipya duniani. Katika jimbo la Kerala, India, lina mpaka jina lake, nokkukooli, ujira wa kutazama wenzako wakipakia. Jimbo hilo lina sheria ya wapakiaji ya tangu mwaka 1978, na bado mwaka 2018 serikali yake ililazimika kutangaza kupiga marufuku desturi hiyo. "Lakini usichanganye," akaniambia. "Kule kelele nyingi ni za mtu kudai pesa kwa mzigo ambao hana uhusiano nao. Hawa wako wana uhusiano na mzigo wako. Swali ni uhusiano gani."

Yule mama ndiye aliyefungua geti, na hakutumia mahakama. Aliandika barua ya ukurasa mmoja kwa katibu wa chama, akamkumbusha kifungu cha 76 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004, kinachokataza kuzuia mwajiri kuingia kwenye eneo lake hata pale mgomo unapokuwa halali. Na ule haukuwa mgomo halali. Hakukuwa na notisi ya saa 48 wala usuluhishi uliotangulia. Katibu alisoma, akapiga simu, jioni hiyohiyo watu wakaondoka. Ilikuwa siku ya tisa. Chama kina viongozi wenye ofisi na mhuri, na hawataki kupoteza uhalali wao kwa sababu ya watu waliokasirika. Andikia hao. Mimi siku nane nilikuwa nagombana na mtu aliyekaa juu ya gunia.

Mkandarasi akaanza kazi. Wiki mbili zilipopita kimya nikadhani yameisha.

Yalikuwa hayajaisha. Mtu anayedai ameachishwa kazi isivyo halali ana siku 30 za kufikisha mgogoro Tume, na wao waliwasilisha siku ya 26. Nikapokea wito na nakala ya fomu namba moja: watu 24, madai ya fidia isiyopungua mishahara ya miezi 12 kwa kila mmoja, kwa sheria ilivyokuwa wakati huo. Kila mtu alikuwa akipata wastani wa laki tatu kwa mwezi. Zidisha mwenyewe. Milioni 86 na laki nne. Nilicheka kwanza. Halafu nikakaa chini.

Nikataka nisiende. Hoja yangu ilikuwa rahisi: siyo waajiriwa wangu, niende nikajieleze nini? Wakili akanishika mkono, kweli kabisa, akaniambia mlalamikiwa asipotokea kwenye usuluhishi, msuluhishi ana mamlaka ya kuamua malalamiko bila yeye. Ningekaa nyumbani na hoja yangu nzuri, nikaletewa uamuzi wa milioni 86. Wapo waliofanya hivyo, aliniambia. Wito wa Tume ukija, nenda, hata kama unaona umeletewa kwa makosa. Hilo nalo kalisemee kulekule.

Chumba cha usuluhishi ni kidogo, meza moja, viti vimegusana. Mzee wa zamu alikuja na katibu wa chama. Nilimwamkia, maana ni mkubwa kwangu, akaitikia. Kisha msuluhishi akanipa nafasi, nami nikasema sentensi ninayoijutia mpaka leo: "Hawa watu mimi siwajui. Ni vibarua wa getini."

Mzee hakupandisha sauti. "Mama, hunijui? Siku ya msiba wa mama yako maturubai alibeba nani?"

Ni kweli. Walikuja wote, siku mbili, hawakudai hata nauli. Msuluhishi alitazama karatasi zake. Ningekuwa na akili timamu ningeomba radhi palepale na tungemaliza kwa robo ya gharama. Badala yake niliona nimeaibishwa mbele za watu, nikakaza shingo. Usuluhishi ukashindikana, ukatoka cheti cha kushindikana, tukaelekezwa kwenye uamuzi.

Jambo ambalo sikulielewa siku hiyo: maneno ya kwenye usuluhishi hayabebwi kwenda kutumika kama ushahidi mbele ya mwamuzi. Ungeweza kutaja kiasi, kusema "nikikupa hiki utakubali?", na ikishindikana hakuna atakayekugeuzia maneno hayo. Mimi nilikaa nimefunga mdomo kama niko kituo cha polisi, nikiogopa kila neno. Chumba kile ndicho mahali pa bei nafuu kuliko pote nilipopita, na nilikipoteza kwa kiburi.

Mbele ya mwamuzi kiini cha kwanza kilikuwa kilekile cha afande. Je, ni waajiriwa au si waajiriwa? Wakili alinionya kwamba kukosekana kwa mkataba wa maandishi hakutanisaidia. Sheria ya Taasisi za Kazi ya mwaka 2004, kifungu cha 61, inaweka dalili kadhaa, na ikithibitika hata moja mtu anadhaniwa kuwa mwajiriwa mpaka mwajiri athibitishe vinginevyo. Je, unamwelekeza namna ya kufanya kazi? Unampangia saa? Riziki yake inakutegemea wewe? Unampa vifaa? Amekufanyia kazi wastani wa saa 45 kwa mwezi kwa miezi mitatu ya mwisho? Saa 45 kwa mwezi. Mimi miaka yote nilidhani mwajiriwa ni yule anayekuja kila siku asubuhi hadi jioni.

Utetezi wetu ulikuwa kwamba kila lori ni kazi maalumu inayojitegemea. Likijaa, mkataba umekwisha. Kuthibitisha hilo nilibeba daftari la getini. Nililibeba kwa kujiamini, kwa sababu lilionyesha malipo kwa gunia, wala si mshahara.

Katibu wa chama akaomba alisome. Alisoma taratibu, ukurasa baada ya ukurasa, kwa mwandiko wa karani wangu. Tarehe. Saa ya kufungua geti. Majina ya zamu, maana karani, tofauti na mimi, alikuwa anayajua yote. Idadi ya magunia. Saa ya kufunga. Na pembeni, kwa kalamu nyekundu: "kachelewa, asipande gari la kwanza", "hana viatu, arudi nyumbani", "amepewa ndoano mpya". Alipomaliza Septemba na kugeuza Oktoba, mwamuzi akamwambia inatosha, ameelewa. Walikuwa wanapita saa 100 kwa mwezi. Wakili wangu akaandika kwenye kipande cha karatasi: "Tuongee nje."

Nje aliniambia jambo ambalo lilinichoma kuliko yote. Sheria haikunikataza kununua mkanda. Haikunikataza hata kupunguza watu. Inataka, kabla ya kupunguza, utoe notisi ya nia yako, ueleze sababu, ukae na chama au na wafanyakazi wenyewe mjadili kama kuna njia nyingine, nani aondoke kwa kigezo gani, lini, na kwa malipo yapi. Kiinua mgongo cha kisheria ni ujira wa siku saba kwa kila mwaka uliotimia, kwa mtu aliyefanya kazi mfululizo angalau miezi 12, na hakizidi miaka kumi. Tukapiga hesabu pale chini ya mwembe wa Tume: kama ningewapunguza kumi kwa utaratibu huo, pamoja na notisi zao, isingefika milioni nane.

Wakati huohuo kwa mkandarasi nako mambo hayakuwa sawa. Kijana wake mmoja aliangukiwa na magunia, akavunjika mguu. Hakuwa amesajiliwa kwenye Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, na mkandarasi simu ikawa haipatikani. Ghala ni langu, kijana amelala kwenye sakafu yangu. Nililipa hospitali milioni moja na laki moja. Bei ya 280 ilikuwa 280 kwa sababu hiyo. Ukimpa mtu zabuni ya kupakia, mwombe uthibitisho wa usajili wa watu wake, na usome majina, siyo jina la kampuni tu.

Tulikaa na chama mara tatu. Mara ya kwanza nilimfuata mzee pembeni kabla hatujaanza, nikamwomba msamaha kwa lile neno la siwajui. Akasema, "Yameisha hayo, mama," kisha akaingia ndani akanikamua kama kawaida. Tulifikia hivi: 16 wanarudi kazini, wanane wanaondoka kwa hiari na milioni moja na laki nane kila mmoja. Makubaliano tukayasaini kwenye fomu ya Tume, na ukishasaini hapo karatasi ina nguvu, unaweza kukazwa nayo. Tume yenyewe haikunitoza hata shilingi. Hesabu yangu ya mwisho: wanane milioni 14 na laki nne, mawakili wawili milioni tano na nusu, semi-trela laki tisa, hospitali milioni moja na laki moja. Karibu milioni 22, bila kuhesabu mteja aliyekimbia. Miezi mitano ya mkandarasi ilikuwa imeniokolea kama kumi na moja.

Usiku wa kusaini sikulala. Siyo pesa tu; nilikuwa namwona karani wangu, aliyekuwa ameandika daftari lile kwa uaminifu kwa ajili yangu, akiniuliza kwa woga kama aendelee kuandika au aache. Nilimwambia aendelee. Kuna mwenzangu mwenye ghala alinishauri nichome daftari na kuanzia sasa nisiandike kitu. Sikumfuata. Kwanza kuna wizi wa magunia ambao ni daftari tu linaloukamata, na pili, mashahidi 24 wanatosha hata bila karatasi.

Kisha ndiyo nikaitoa ile barua kwenye droo. Nilitakiwa kukutana na chama ndani ya siku 30 tangu niipokee, kwa sababu walikuwa na wanachama wengi kuliko nusu ya wafanyakazi wa aina ile. Kama ningekaa nao wakati ule, tungekuwa na mkataba wa hali bora, yaani makubaliano ya maandishi kati yangu na chama kuhusu malipo na masharti ya kazi, kabla hata mkanda haujafika bandarini.

Mkataba huo sasa tunao. Shilingi 360 kwa gunia linalopita kwenye mkanda, 400 kwa linalobebwa mgongoni. Glavu na viatu ni juu yangu. Lori likiingia baada ya saa kumi na mbili jioni lina bei yake, na hapo tulibishana karibu saa mbili nzima. Ada ya chama naikata kwa waliojaza fomu za kuniruhusu, na inatakiwa iwe imefika chamani ndani ya siku saba baada ya mwezi kuisha. Mwezi wa pili tu nilichelewa nikapigiwa simu. Daftari linasainiwa na watu wawili, karani na mzee wa zamu.

Kwenye kikao cha pili katibu aliuliza jambo ambalo sikuwahi kulifikiria, na mimi nimekulia kwenye mazao. Magunia yetu ni ya kilo 100. Alisema pendekezo namba 128 la Shirika la Kazi Duniani, la mwaka 1967, linataja kilo 55 kuwa mwisho wa mzigo wa kubebwa na mwanamume mmoja. Nikawatazama wale wazee. Mmoja ana bega moja limeshuka, nilidhani amezaliwa hivyo. Tukakubaliana kwamba mkanda uanzie kwenye rundo lenyewe, usiishie mlangoni, ili gunia zito lisipandwe ngazi na mtu. Fundi aliongeza kipande cha mita sita. Mashine niliyoileta niwaondoe nayo, sasa ikiharibika wao ndio wa kwanza kunipigia simu, tena kwa kelele.

Mkataba wetu unaisha mwezi ujao. Wameshaleta barua, na hii ina mambo manne: mashudu ya alizeti yanateleza kwa hiyo wanataka bei tofauti, wanataka choo kingine, wanataka Jumapili ihesabiwe mara mbili, na mzee wa zamu anastaafu, wanataka nijue anayemfuata. Tunakaa Jumatatu. La choo nimeshalikubali kichwani. La Jumapili watanisubiri kidogo.